Shimo Lililovuta Pumzi

Juzi fundi alifunua tangi la chini la maji ya mvua nyumbani kwangu, ikatoka hewa baridi yenye harufu ya jiwe bichi. Fundi aliendelea na kazi yake. Mimi nilirudi nyuma hatua tatu, nikajikuta nimeziba mdomo kwa kiganja. Nimevuka miaka arobaini na bado nafanya hivyo. Acha nikueleze sababu, msomaji wangu, kisha ucheke ukitaka.

Kijiji chetu kilikuwa bara ya Kilwa, mbele ya Mitole, kwenye vilima vya mawe ya chokaa. Katika kilima kimoja kulikuwa na shimo ambalo wakubwa hawakulipa jina; walisema “kule” tu, na kila mtu alielewa. Shimo lile lilikuwa likipumua. Asubuhi, ukisogeza jani karibu na mdomo wake, lilivutwa ndani. Jua likipanda, shimo lilishusha pumzi, na harufu yake ilikuwa ileile ya juzi. Pembeni mwake ardhi ilikuwa nyembamba, majani juu na utupu chini, na mbuzi wetu kadhaa waliishia humo.

Bibi, mama yake mama, alitufundisha mwiko wa kule kabla hatujajua kuhesabu. Ukifika kule hutaji jina la mtu. Shimo huchukua jina la kwanza linalolisikia siku hiyo, na mwenye jina hamalizi mwaka. Likishapata moja limetosheka, mengine haliyataki. Kwa hiyo waliokwenda kuchimba ming'oko, vile viazi vya porini ambavyo sisi watu wa kusini tunavipenda kupita kiasi, waliitana kwa miluzi. Mimi na dada yangu Somoe tulikuwa na mluzi wetu, ingawa wangu ulivuja kwenye pengo la meno.

Ilikuwa miaka ya ruksa, serikali ilipofungulia biashara. Mitumba ilikuwa imefika hadi kwetu, na malori ya wanunuzi wa mbao yalipanda vilima kila wiki. Baba alikuwa ameshafariki. Mama, ambaye kijiji kizima kilimwita Mama Somoe, alitulea kwa jembe.

Siku hiyo, yapata saa nne asubuhi, Somoe alifuata mzizi wa mng'oko hadi mahali pasipofaa. Nilisikia majani yakichanika, kisha kimya. Nilitambaa hadi ukingoni, nikamwona amelala juu ya jiwe lililojitokeza, damu kichwani, na chini yake giza. Hata hapo sikumwita jina. Nilipiga mluzi, nikakimbia kijijini.

Watu walikuja, pamoja na dereva wa lori la mbao. Yeye ndiye aliyelaza ubao mrefu juu ya mdomo wa shimo na kuteremsha kamba yenye kitanzi. Ukingo ulikuwa unameguka, hakuna aliyeweza kushuka. Ilikuwa lazima Somoe ajivishe kitanzi mwenyewe, na Somoe alikuwa anasinzia.

“Mtoto anaitwa nani?” dereva aliuliza. “Jamani, nauliza. Mwiteni aamke, ataanguka huyu.”

“Hapa hatutaji, mwanangu,” mzee mmoja alimwambia, akitazama chini.

Tulipiga miluzi. Somoe alijigeuza usingizini, akageukia upande wa giza.

Mama akapanda ubao kwa magoti. Aliinamisha uso shimoni na kusema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mgeni anayejitambulisha mlangoni, “Mwanahawa. Mwanahawa binti Mfaume. Umelisikia?” Akangoja kidogo. Kisha akapaza sauti, “Somoe! Somoe mwanangu, amka uvae kamba!”

Somoe akafumbua macho. Alipofikishwa juu watu walimshukuru Mungu, ila Bibi alikuwa ameketi chini palepale, akimkazia mama macho. Mimi nilijaa fahari. Nilidhani mama amelitungia shimo mtu asiyekuwepo, amelidanganya kweupe.

Baada ya hapo mama alibadilika. Mimi, mtoto wa miaka tisa, aliniweka jikoni akaniachia sufuria na mwiko. Kanga zake nzuri alizigawa mafungu mawili, langu na la Somoe. Alitupeleka kwa mjomba Kilwa Masoko tukalale huko wiki nzima bila yeye, tuzoee. Nikimng'ang'ania aliibandua mikono yangu kidole kimoja kimoja. Nilimchukia, nasema wazi. Nilichopika, hata kikiwa kibichi, alikula chote na kusema alhamdulillahi, nami niliona hanijali hata kunigombeza.

Mavuno yakaja yakapita, msimu wa ming'oko ukarudi na wenyewe ukaisha. Asubuhi moja mama alionja mboga yangu, akaweka tonge chini. “Wewe mtoto, chumvi yote hii unampikia ng'ombe?” Bibi alicheka mpaka akajifuta machozi kwa upindo wa kanga. Nilinuna siku nzima nyuma ya nyumba, nikaapa sipiki tena.

Nilikuwa darasa la saba tulipopewa fomu za kujaza nyumbani. Nilikaa na mama mkekani, nikamsomea: jina kamili la mama.

“Mwanahawa binti Mfaume,” alisema, huku akichambua mchele.

Kalamu ilisimama. Niliikumbuka ile mikono aliyoibandua, na zile kanga, na ugali mbichi alioumaliza bila neno. Mwaka mzima alikuwa akitufundisha kuishi bila yeye, na mimi nilikuwa nikimnunia. Mama aliinua macho, akaona sijaandika, akadhani jina limenishinda. Basi akanitajia tena, polepole, kipande kwa kipande, hadi nikalimaliza.