Nilikuwa tumboni: umri wangu ulivyojulikana kortini Kisii

Wakuu, poleni na shughuli. Mimi ni nyanya wa watu, simu hii nimefundishwa na mjukuu, kwa hivyo makosa ya vidole mnisamehe. Ya mdomo siombi msamaha, maana haya yalinipata mimi mwenyewe.

Jana kijana mmoja ameandika hapa eti zamani watoto wa kijijini hawakuwa na umri, kesi za kuteka wasichana zilikuwa za kubahatisha tu. Chai yangu ilipoa nikisoma. Tangu jana sijatulia.

Sasa sikiliza.

Kwetu ni Magwagwa. Hii ni mwishoni mwa miaka ya hamsini. Nilikuwa mrefu kuliko dada zangu wote, na huo urefu ndio ulioniponza.

Siku moja nimetumwa kusaga wimbi, nikakutana na jirani yetu. Nitamwita Nyakundi. Aliwahi kuwa askari vita vya Hitler, sasa alikuwa mfanyabiashara wa mawe ya kuchonga ya Tabaka. Akaniambia baba ameumia, yuko Keumbu, panda lori twende.

Nilipanda. Wewe ungekataa?

Lori likapita Keumbu bila kusimama.

Huko Tabaka alinifungia kwa dada yake, chumba kimejaa vumbi la mawe, akatuma watu kwa baba na habari za ng'ombe. Alitaka niwe mke wake. Baba mdogo alishaanza kupima zizi kwa macho (Mungu amrehemu, yule alipenda ng'ombe). Lakini baba alikataa, akaja na askari wa chifu wakanitoa.

Kesi ikaenda Kisii mjini.

Sheria ilikuwa hivi: msichana akiwa chini ya miaka kumi na sita, kumchukua bila ruhusa ya mzazi ni jela, hata kama alipanda lori akicheka. Akiwa amefikisha, ni neno lake dhidi ya lako. Nyakundi akashika Biblia, akaapa kwamba nilimfuata kwa hiari na kwamba alijua mimi ni mtu mzima wa miaka kumi na saba.

Cheti cha kuzaliwa sikuwa nacho. Nani Magwagwa alikuwa nacho?

Daktari akanifungua mdomo, akatazama meno, akasema labda kumi na tano, labda kumi na saba. Hata ng'ombe sokoni hupimwa kwa uhakika zaidi! Baba akasema nilizaliwa baada ya vita. Hakimu, mzungu, akajibu kwamba kila baba hupunguza miaka ya binti yake.

Niliogopa wakuu. Nikionekana mkubwa, Nyakundi anarudi nyumbani na mimi nyuma yake. Shangazi alinishauri nikunje magoti ndani ya gauni nionekane mfupi. Nikasimama hivyo hadi miguu ikatetemeka.

Ndipo Nyakundi akamleta mama yake awe shahidi. Mama wa watu alikuja kutetea mwanawe. Akaongea Kigusii, mkalimani akimfuata.

"Sisi si wezi ya watoto. Hawa ni watu wetu. Kijana yangu alitoka vita ya Hitler huko Burma, hata viatu ya jeshi hajavua, akachimba kaburi ya nyanya ya huyu msichana."

Inspekta wa polisi, aliyeendesha mashtaka, akauliza, "Huyo nyanya aliitwa nani?"

"Kwamboka."

"Kama huyu?" Akaninyoshea kidole, maana mimi pia ni Kwamboka.

"Si ndiye alirithi? Utapatia aje mtoto jina ya mtu mwenye bado anakula?"

"Basi siku ya mazishi, huyu alikuwa wapi?"

Mama akacheka, kama ameulizwa na mtoto. "Tumboni! Mama yake ni mimi nilimshika mkono, tumbo imefika hapa."

Inspekta akamgeukia hakimu.

Hakimu akaanza kuhesabu. Hata ukianzia na askari wa kwanza kabisa kurudi kutoka Burma, umri wangu haukufika miaka kumi na tatu.

Nikanyoosha magoti.

Mama Nyakundi alipoelewa alichosema, alijifunika uso na leso. Nilimhurumia yeye, na hadi leo namhurumia. Mwanawe alitazama viatu vyake tu. Alifungwa. Mimi nikarudi shule, nikakaa nyuma kabisa kwa sababu ya urefu.

Funzo? Andikisheni watoto, vyeti siku hizi si shida. Na msiseme wazee hawakujua umri. Walijua nani alizikwa kabla ya nani kuzaliwa, na hiyo ilitosha.

Lakini kinachonichoma si daktari wala hakimu. Ni kile kiapo. Yule mtu alichimba lile kaburi kwa mikono yake, mama yangu amesimama pale, na mimi ndani yake.

Haya, leteni maoni. Na wewe kijana wa jana, anza wewe.