Piano Isiyotaka Umeme

Mie ni mtu wa chumbani. Hapa Temeke, aliyekuwa akinigongea mlango ni mwenye nyumba tu. Jioni nilikuwa nikienda kanisani kupiga piano, ule muziki wa Kizungu wa kale niliofundishwa na mapadri, noti kwa noti, nikiyapigia mabenchi matupu.

Kisha wakaja kunigongea vijana watatu wa bendi ya magitaa ya umeme na dramu. "Kaka, tuchanganye. Chako cha kanisani, chetu cha kelele." Nilifurahi hadi nikawachemshia chai mara mbili.

Taabu ni kwamba wao hawakujua noti. Kila mazoezi wimbo uligeuka. Siku moja niliwasimamisha nikauliza, "Jamani, tumefika ukurasa gani?" Walicheka hadi machozi. Nikaogopa watanichoka, nirudi kwa mabenchi yangu. Basi nikabuni ujanja: magitaa yakipamba moto, vidole vyangu vilikimbia juu ya piano bila kubonyeza kitu. Wakanisifu! "Kaka, sasa umeiva!"

Jumamosi iliyopita tukapiga dansi la mchana kwenye ukumbi mmoja wenye piano, Kinondoni. Watu walijaa. Nimefumba macho, kichwa natikisa, vidole vinaruka, mara umeme ukakatika. Magitaa yakafa.

"Msiondoke!" kiongozi wetu akawapigia kelele wachezaji. "Piano haitaki umeme! Twende, Kaka!"

Dramu ikanyamaza kunipisha. Ukumbi mzima ukageuka. Vidole vyangu, kwa mazoea, vikaendelea kukimbia, kimya kabisa.

Mpiga dramu akachungulia nyuma ya piano, akauliza kwa huruma, "Kaka, waya wake uko wapi?"