Ushuhuda wa Ukungu Mkuu

Ndugu yangu alipookoka hakuwa na dhambi, na hapo ndipo balaa lote lilipoanzia. Pombe hakuwahi kuonja. Wasichana walimtia woga. Alikuwa kijana wa kuosha raba zake kila Jumamosi na kuzianika dirishani, basi. Mtu wa namna hiyo akisimama kutoa ushuhuda atasema nini? Na katika kanisa walilohamia yeye na Mama, ushuhuda ndio uliokupa kiti cha mbele. Aliyewahi kuwa jambazi alipigiwa makofi kuliko kwaya nzima. Ndugu yangu akatafuta dhambi, akakosa, akaja kuchukua Ukungu Mkuu.

Ukungu Mkuu ulikuwa wetu sisi wawili. Tuliutunga tukiwa watoto hapo Uthiru, pembeni mwa Nairobi, miezi ile ya baridi ambapo asubuhi huoni hata geti la jirani. Ulimwengu wetu ulikuwa na majua mawili yasiyosalimiana, na kati yake kulikuwa na nebula, wingu kubwa la gesi na vumbi ambamo nyota huzaliwa. Hiyo nebula ndiyo tuliyoiita Ukungu Mkuu. Sayari zote ziliuzunguka kwa mbali, kwa adabu. Ukishaingia humo hakuna mtu angeweza kukuita tena: si kuchota maji, si kutumwa dukani, si kuja kusalimia wageni. Tuliuchora ukutani chumbani kwetu kwa rangi zilizobaki fundi alipomaliza kupaka nyumba. Katikati tukaacha doa tupu, kwa sababu hatukuwahi kukubaliana ndani kabisa kuna nini. Tulipigania doa hilo mpaka tukachoka, tukaapa kwamba hakuna wa kulijaza bila mwenzake.

Sasa tuje miaka ya elfu mbili, mwanzo mwanzo, simu ya mkononi ikiwa bado kitu cha kuwekwa mezani watu waione. Nilikuwa napokea wageni kwenye ofisi moja Kilimani, na bado nililala chumba kile kile, chini ya ukuta ule ule. Ndugu yangu alikuwa amehamia chumba cha nje. Jioni moja Mama, akikata sukuma wiki, akanitangazia kwamba Jumamosi mchungaji anakuja na mafuta ya upako, na ukuta utapakwa rangi nyeupe. Ndugu yangu alikuwa ameeleza kanisani jinsi tulivyoingizwa kwenye kuabudu shetani kupitia picha ile. Tulivyoingizwa. Yaani na mimi nimo! Nilichemka. Siku hizo neno kama hilo lilikuwa linamharibia mtu jina mtaa mzima, na mimi sikuulizwa hata swali.

Nilitaka kumsikia kwa masikio yangu. Nikaomba ruhusa kazini, nikaenda mjini kwenye ibada ya saa saba, katika jumba lililokuwa sinema zamani, limejaa watu wa maofisi wanaoomba na matumbo matupu saa ya chakula cha mchana. Akaitwa mbele. Tai ilikuwa ya kuazima, naijua mwenyewe. Akaanza na majua mawili, akaja kwenye Ukungu, na watu wakatulia kabisa. Kisha akaingia katikati, pale kwenye doa. Akasema pepo walimwonyesha jiji lisilo na usiku, ambalo watu wake hawana vivuli, na kila anayefika huko husahau jina la mama yake. Jumba zima likavuta pumzi. Mimi pia, na nilimchukia kwa hilo. Lilikuwa jambo zuri kuliko yote tuliyowahi kutunga, na alikuwa amelitunga bila mimi, akampa shetani sifa.

Nikamngoja nje. Nikamwambia aende nyumbani amwambie Mama kwamba ulikuwa mchezo wa watoto, aache ukuta wangu na aache jina langu. Akanitazama kwa upole wa mtu aliyeokoka juzi, upole wa kukufanya utamani kumzaba mtu kofi.

"Nikisema ulikuwa mchezo," akasema, "mimi nitakuwa nimeokolewa kutoka kwa nini?"

Akaniacha hapo, akaenda kusalimiana na wazee wa kanisa.

Jumamosi wakaja. Mchungaji akapaka mafuta kwenye fremu ya mlango, Mama akaimba, na ndugu yangu akasimama na rola ya kupakia rangi tayari, kola imepigwa pasi kana kwamba kuna harusi. Mchungaji akaniuliza, kwa heshima tu, kama niko tayari kuikana kazi ile. Nikasema niko tayari, na kwanza nikiri yote. Nikamwambia picha ni yangu mimi peke yangu. Nikamwambia huyu alikuwa mdogo wa kunishikia mkebe wa rangi, hakuwahi kutunga hata nyota moja ya maana.

"Hata lile jiji lisilo na vivuli," nikasema, "ni mimi nilimsimulia."

Nilimwona akijaribu kujizuia.

"Uongo," akasema. "Jiji ni langu. Nimelitunga mwenyewe, kwenye basi, nikienda kutoa ushuhuda."

Mchungaji akafunga kichupa chake cha mafuta polepole, macho chini. Ndugu yangu akaangalia rola. Nilikuwa nimeshinda, na nilimngoja Mama amgeukie, amuulize alivyothubutu kuwadanganya watu kanisani na kunipaka mimi matope.

Mama akanigeukia mimi.

"Umefurahi sasa?" akasema. "Kumwaibisha mtoto wangu mbele ya mtumishi wa Mungu?"

Mtoto wangu. Na mimi nimesimama hapo hapo, kifungua mimba wake. Akampokonya ndugu yangu rola, akaichovya kwenye rangi, akaanza kupaka mwenyewe, akaniambia nitoe kitanda changu njiani.