Shuka ya Bibi, Filamu ya Babu

Enzi zetu pale Ibra, Oman, sisi watoto wa waliorudi kutoka Unguja, Ijumaa haikuwa Ijumaa mpaka Babu atundike shuka ukutani. Tulikuwa tushakula wali na samaki, tushanawa mikono kwa amri ya Bibi, maana shuka yenyewe ilikuwa yake ya harusi na ole wako uiguse na vidole vya samli.

Babu alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu. Msicheke, wa filamu hasa. Ujanani mwake, Unguja mjini, watengeneza filamu walikuwa wakimweka chumbani, wakimwonyesha picha bila ya sauti, naye na fidla yake akimtizama mtu anavyotembea na kumtungia mwendo. Mvua aliipa sauti yake, punda yake, bibi harusi yake. Alitunga kadhaa hivyo. Kisha yeye na Bibi wakaja Oman, na Ibra hapakuwa na mtu mwenye haja ya muziki wa punda. Babu akapata kazi posta, akagonga mihuri mpaka akastaafu.

Fidla ilitoka chini ya kitanda Ijumaa baada ya alasiri tu. Sisi tukikaa mkekani tumeielekea shuka, na shukani hapana kitu, kwa sababu filamu yenyewe ilibaki huko huko Unguja. Babu alipiga muziki wake akasema, "Gari la punda hilo linakuja, na bibi harusi yumo." Basi. Mengine tuyaone wenyewe. Na tuliyaona! Bibi harusi wangu alikuwa mnene, kajitanda kanga ya kijani. Salum, mtoto wa ami yangu, alishikilia kuwa kanga ni nyekundu, tukavutana nywele. Bibi akipita na sinia ya halwa na kahawa: "Mnapigania shuka yangu tupu? Wallahi mna wazimu nyie!"

Lakini Babu alikuwa na jambo moja moyoni. Alitaka tuione filamu ya kweli kabla hajafa, kwa kuwa hata wanawe walikuwa wakimtania, "Mzee, hiyo filamu yako iko wapi?" Naye hujibu, "Ipo. Itakuja, inshallah." Mgeni yeyote kutoka Unguja aliulizwa filamu kwanza, habari za jamaa baadaye. Haikuja. Babu akafariki na watu wengine hawakuwahi kumwamini, na hilo liliniuma miaka yote.

Watoto wetu wa leo, Mungu awaweke, wana filamu za dunia nzima kwenye simu, na bado wanalalamika hawana la kutizama. Wiki iliyopita binti yangu Rayyan, anayesoma Nizwa, alikuwa nyumbani, kajilaza sebuleni na simu yake. Mimi niko jikoni nakanda unga. Mara nikasikia punda.

Si punda mwenyewe. Ule mwendo wake, kwenye fidla, na ule mkwaruzo mdogo kila anapopanda tuta. Nikatoka mbio na unga mikononi. "Ongeza sauti! Unatizama nini?"

"Filamu ya kizamani tu, Mama. Mtu kaweka. Unguja hii."

Nililia, sifichi. Nikampigia Salum, siku hizi anakaa Sur, nikaiweka simu yangu karibu na ya Rayyan asikie. Nikamsikia anavuta makamasi. Mzee mzima.

"Hakusema uongo," akasema. "Hebu nambie, kanga ya bibi harusi rangi gani?"

Nikatizama. Gari la punda linakuja, bibi harusi yumo, mwembamba kama ufito. "Haina rangi, Salum. Picha yote nyeusi na nyeupe."

"Alhamdulillahi," akasema. "Basi bado nyekundu."

"Kijani," nikamjibu, nikaegemea ukuta huku Babu anapiga.

"Mama, mo bish, una nini?" Rayyan akanishtua. "Mbona umefumba macho? Filamu si hii hapa!"

Nikamwambia aiache iendelee. Nilikuwa naitizama.