Harusi ya Rubani wa Kuitwa

Niliolewa Bungu, nyumbani kwa baba yangu, siku ya Ijumaa, na bwana harusi hakuwepo. Hakufa, hakufungwa, hakunikimbia. Alikuwa Dar es Salaam, kwenye chumba cha kupanga karibu na uwanja wa ndege, kavaa sare na viatu, anasubiri simu.

Mume wangu ni rubani wa ndege za bei poa. Zile ambazo abiria analipia tiketi, kisha analipia begi, kisha analipia na maji ya kunywa. Nilidhani ubahili ule unaishia kwa abiria. Wapi! Mkataba wake unasema yeye si mwajiriwa. Ati ni mkandarasi, ana kampuni yake, na kampuni hiyo ndiyo inayouza huduma kwa shirika la ndege. Kampuni yenyewe ina mtu mmoja. Sare ajinunulie, akiumwa ajiuguze, na siku za zamu ya kusubiri asikae mbali na uwanja, maana akiitwa afike ndani ya saa moja. Asipoitwa, hapati kitu.

Kadi zilishagawiwa na mbuzi kafungwa uani, ratiba ikabadilika: Ijumaa hiyo hiyo akapangiwa kusubiri. Akaomba ruhusa. Wakamjibu kwa upole kwamba mkandarasi hana likizo. Ana uhuru kamili wa kukataa kazi, nao wana uhuru kamili wa kutomwita tena. Jamani, uhuru gani huo?

Akampigia baba simu kuomba tuahirishe. Baba ni mkulima wa korosho, na hasira zake zinajulikana mpaka Ruaruke.

"Bosi wako nani, mwanangu, nizungumze naye?"

"Sina bosi, baba. Kwa mujibu wa mkataba, mimi ndiye mkurugenzi."

"Mkurugenzi?"

"Ndiyo, baba."

"Basi mkurugenzi ajipe likizo, aje aoe!"

Akakata simu. Kisha akatangaza mbele ya ukoo mzima kwamba Ijumaa ndoa ifungwe, la sivyo posa imevunjika na mahari yarudi kwao. Nililia mpaka macho yakavimba. Nilikuwa nampenda yule mkandarasi.

Aliyetuokoa ni mjomba wake wa Ikwiriri. Dini inaruhusu bwana harusi aweke wakili, akasema, na wakili atakuwa yeye. Ijumaa akaja na kanzu inayoburuza chini. Shehe akaingia chumbani kuniuliza kama nimeridhia, nikasema nimeridhia. Halafu nikasikia huko barazani baba anamshika mkono mjomba wa watu na kuozesha, na mjomba anaitikia, "Nimemkubalia mpwa wangu." Wanawake wakapiga vigelegele, vigelegele vikageuka kicheko. Shangazi, ambaye ndiye aliyekuwa kungwi wangu, akaninong'oneza, "Mwambie huyo mzee uwakili wake unakomea hapo barazani."

Nami nikacheka, kisha nikapandwa na hasira. Yeye haruhusiwi kuja, sawa. Mimi nani kanizuia kwenda? Tukakodi gari, mimi na shangazi, sufuria la pilau katikati yetu, tukafika jua linazama.

Alifungua mlango, sare imenyooka vile vile. Kutwa nzima hakuketi kitandani asije akaikunja.

"Wamekuita?"

"Hawajaita."

"Zamu yako inaisha saa ngapi?"

"Imeisha sasa hivi."

Yaani nimeposwa na huyu, nimeitikiwa na mjomba, kwa ajili ya safari ambayo haikuwepo! Nilitaka kupiga kelele. Shangazi hajatua hata sufuria, simu ikalia. Mume wangu akasimama wima kama askari. Sauti ya kijana mpole ikauliza kama anaweza kuchukua safari ya usiku huo, rubani mwingine kaumwa. Nikamwona mume wangu anafungua mdomo, na najua kabisa alichotaka kusema.

Nikamnyang'anya simu kwa mkono wangu wenye hina.

"Unazungumza na mkewe," nikasema. "Mkurugenzi amejipa likizo."

Nikakata. Akanitazama, midomo inamcheza. "Umenimaliza," akasema. Kisha akaketi kitandani na sare yake, ikakunjana yote, akaomba sahani.

Mwezi mzima simu haikulia. Uhuru wao waliutumia wote.