Machozi ya Orpha Tillery

Orpha Tillery alikuwa mwanamke wa kulia, na msicheke, maana kulia ndiko kulikomlisha. Alizaliwa Ohio, binti wa muuza viatu, akaja Los Angeles enzi zile sinema zilipokuwa bubu. Urembo alijaliwa wa kawaida tu. Lakini mpe mtoto wa kuzika, au mume wa kuaga stesheni, uone! Machozi yalimtiririka njia mbili mbili, na watu huko Boston na Kansas wakatafuta leso zao.

Siri yake ilikuwa Anselm Vroom. Siku hizo studio ziliweka mpiga fidla pembeni ya kamera, kazi yake kuwatia waigizaji huzuni au furaha. Picha haikubeba sauti, kwa hiyo kelele haikumdhuru mtu. Mafundi waligonga misumari, mwongozaji alifoka kama mnadi, na katikati ya zogo lile Anselm alipiga wimbo mmoja wa taratibu, kichwa amekiinamisha. Orpha akiusikia tu, kwisha kazi.

Tena alimpenda yule bwana, kumpenda hasa. Alimletea pai ya tufaha akijifanya imebaki nyumbani. Anselm alikula, akashukuru, akarudi kwenye fidla yake. Mwanamume gogo! Mwishowe Orpha akajisemea kwamba moyo wa mtu yule umekwisha wote kwenye nyuzi, na yeye hana chake pale. Iliuma, lakini akanyamaza.

Halafu picha zikaanza kusema. Wapiga fidla wakaachishwa kazi kwa mkupuo, na waigizaji wakaitwa mmoja mmoja kujaribiwa sauti. Orpha alijua akishindwa siku hiyo ndiyo basi tena. Umri ulishasogea, na kazi nyingine hakuijua.

Chumba kilifungwa milango, kuta zimevikwa mablanketi, kimya kama kanisani siku ya Jumatatu.

"Haya, bibie, lia," alisema mwongozaji, Bwana Kessler.

Orpha akajaribu. Akamkumbuka marehemu baba yake. Akajifinya paja. Wapi! Macho makavu.

"Vipi, Orpha? Kisima kimekauka?"

"Niitieni Anselm."

"Umerukwa na akili? Mashine hii inasikia hata inzi!"

"Hatapiga. Asimame tu nimwone."

Walimkuta getini, keshafungasha vitu vyake. Wakamrudisha. Anselm akasimama nyuma ya kamera, akaiweka fidla begani, akaanza kupitisha upinde hewani, juu kidogo ya nyuzi, bila kuzigusa. Orpha aliutazama mkono ule ukienda na kurudi, akausikia wimbo wote kichwani, na machozi yakamjia. Akasema maneno yake mpaka mwisho bila kukwama.

Watu wakapiga makofi. Fundi wa sauti akairudisha sauti iliyonaswa, wakasikiliza. Sauti ya Orpha ilitoka safi kabisa. Lakini nyuma yake ilisikika nyingine, mtu analia kwa kwikwi, kwikwi za kiume zilizobanwa kifuani, ambazo mashine tu ilizinasa.

"Nani huyo?" Kessler alifoka. "Nani kaniharibia kazi?"

Wote wakageuka. Anselm alikuwa mwekundu mpaka masikioni, uso umelowa.

"Toka nje, mzee! Tunarudia bila yeye!"

"Ngoja kwanza," alisema Orpha. Akaruka nyaya, akamwendea. "Anselm, unalilia kazi?"

"Kazi? Kazi iende zake. Nalia kwa sababu wewe unalia. Sijawahi kuzoea."

"Unamaanisha siku zote zile...?"

"Kila ulipolia. Fidla ilikuwa inanifunika."

Jamani! Orpha alimshika mkono palepale, mbele ya watu, wakaufuata mlango.

"Orpha!" Kessler alipiga kelele. "Ukitoka usirudi!"

Hakurudi. Walioana, wakahamia Pasadena, wakafuga kuku. Miaka ilikuwa migumu, na jina lake likasahaulika upesi, kama yanavyosahaulika majina. Anselm alitangulia kufa. Baada ya maziko, jirani mmoja mwenye mdomo alimuuliza Orpha kama hakujuta kuutupa umaarufu kwa ajili ya mpiga fidla asiye na kazi.

"Nijute nini, mama?" Orpha alijibu. "Mimi nililia kwa mshahara. Yule alinililia bure."