Kisima cha Bibi Chini ya Mkuyu

Fundi anayemjengea jirani yangu hapa Ngokolo akimwagia maji rundo la mchanga wa mtoni, harufu ile hunirudisha kwenye kisima cha bibi yangu, miaka ya thelathini.

Mto wetu, Manonga, ulitiririka miezi michache tu. Kiangazi ulibaki mchanga mtupu, na kila kaya ilichimba kisima chake humo na kukizungushia miiba, ng'ombe wasikivuruge. Cha bibi kilikuwa ukingoni, kivulini mwa mkuyu. Ulizamisha mkono hadi kiwiko tu, maji yakaja, ya baridi, yananukia mizizi.

Ila vichaka vya mtoni vilikuwa na mbung'o, na inzi hao walikuwa wamemuulia baba ng'ombe watatu. Alibakiwa na ndama mmoja jike, Madoa, niliyemlea kwa mikono yangu. Ilipotoka amri ya kufyeka, wanaume wa kijiji walijipanga na mashoka, wakasafisha ukingo mzima. Kwenye mkuyu wakamkuta bibi amekaa juu ya mzizi, kibuyu mapajani.

"Mayu, inuka," baba alimsihi mama yake. "Mbung'o wanajificha hapo."

"Maji uliyoogeshwa ulipozaliwa yalitoka hapa. Au unadhani ulioga maziwa?"

Wanaume walicheka hadi wakashusha mashoka. Baba hakucheka. Mimi nikaangua kilio.

"Bibi, Madoa atakufa!"

Alinitazama. Kisha akainuka, akajipangusa mchanga. "Haya, kateni."

Mbung'o walitoweka. Madoa alikua, akazaa. Lakini mvua zilipokuja, mto uliumega ukingo usio na mizizi, na maji ya kisima yakazidi kwenda chini, kiangazi hadi kiangazi, mpaka ikabidi niteremke mwenyewe na kibuyu, bibi akinishikilia kwa kamba iliyofungwa kiunoni mwangu.

Kila asubuhi, nikishafika chini, aliinama na kuuliza, "Madoa hajambo?"

"Hajambo, bibi."

"Basi vizuri. Chota."

Nilidhani anampenda mno yule ng'ombe. Nilishakuwa na wajukuu ndipo nikaelewa: alijua kwamba siku moja, humo shimoni, ningeukumbuka mkuyu na kilio changu, nijilaumu. Alikuwa akinizoeza jibu mapema.